Mume Ninayemnyima Ugali

Ruiru, Jumamosi, Julai 1956. Manyunyu tangu asubuhi, na baridi imeingia hadi mifupani.

Leo nimeaibika mbele ya mama mkwe, na hata sijui niombe msamaha kwa kosa gani.

Tangu toroli ya mkonge imgonge mume wangu, Baba Rebeka, kichwani mwaka jana, kidonda kimepona, kazini amerudi, lakini hashibi. Hashibi kabisa. Siku ya posho anakula unga mkavu kabla sijawasha moto. Anaingia jikoni na kufunua sufuria, jambo ambalo kwetu Maragoli mwanamume afadhali alale njaa kuliko kulifanya. Nilidhani ni ulafi. Mungu anisamehe, nilimtukana.

Daktari wa Thika alinieleza polepole: ndani ya ubongo kuna mahali padogo panapouambia mwili "basi, inatosha," na hapo ndipo palipoumia. Dawa hakuna. Akaniagiza nimpimie chakula, maana amenenepa hadi moyo unachoka. Basi unga naufungia sandukuni, na majirani hapa kambini kwa wafanyakazi wa mkonge wananiita mchoyo mchana kweupe.

Mama mkwe alifika jana kutoka nyumbani, jogoo kwapani. Leo mchana nilimpakulia Baba Rebeka firigisi ya jogoo huyo, haki yake kama mwenye nyumba, na ugali wa kiasi cha kiganja. Mama akautazama ule ugali, kisha akanitazama mimi.

"Mama Rebeka, hii ni chakula ya mtoto. Unanyima mzee ya nyumba, unataka afe?"

Nikamweleza habari za ubongo. Akacheka. Njaa iko tumboni, akasema, hata mtoto anajua. Akanipokonya ufunguo, akasonga ugali mwingine wa kutosha watu sita.

Baba Rebeka akaumaliza. Akamaliza na sahani ya mama yake, kisha ya Rebeka. Mwanzoni mama alikuwa akifurahi, "Kula, mwanangu, kula." Kisha akamtazama usoni. Baba Rebeka alikuwa analia huku anatafuna.

"Mama, tumbo imejaa," akasema. "Lakini njaa haijatoka."

Mama akaweka mwiko chini. Akatoka nje kwenye manyunyu bila kitambaa kichwani. Aliporudi hakunigombeza tena. Aliniuliza tu, kwa sauti ya chini, kama kuna dawa ambayo hospitali hawajajaribu.

Nikamwambia daktari alisema dawa hakuna.

Sasa kila mtu nyumbani humu anajua kwamba nilisema kweli, na sina raha hata kidogo. Tangu mama alipoandika kwamba anakuja, nilikuwa namwomba Mungu kimyakimya aje anioneshe kwamba kosa ni langu, kwamba mimi ni mchoyo tu. Mke mchoyo anaweza kutubu, na mumewe akashiba.