Koti la Baba Mnadani

Kaka Paskali,

Pokea salamu zangu kutoka huku Ujerumani kwenye theluji. Mwili wangu mzima, ila moyo una fujo, na sababu utaijua ukiendelea kusoma. Hapo nyumbani hamjambo? Mama je? Watoto? Kila barua huwa tunaanza hivi, kisha tunapita haraka kama mtu anayebisha hodi huku ameshaingia ndani. Leo nimesimama mlangoni, Kaka. Nauliza kweli: hamjambo nyote?

Barua yako ilinifikia wiki iliyopita. Nimesikia kwamba mahindi yameungua na jua, sabuni imeadimika madukani, na Dada Martina amejifungua salama huko Endabash. Nikafurahi. Ukamalizia kwamba Baba hajambo, ananisalimu sana, na ananihimiza nifanye kazi kwa bidii. Hapo niliguna. Baba yupi huyo? Baba yetu, tangu nianze kazi hii ya kutunga muziki wa filamu na kuongoza orkesta, hajawahi kunitajia bidii. Alichosema siku naondoka unakikumbuka: "Yaani utalipwa kwa kupunga kijiti? Na ng'ombe wenyewe wako wapi?" Mkacheka wote, hata mimi nikacheka.

Sasa sikiliza yaliyonipata. Watu wa televisheni hapa wametengeneza filamu kuhusu Ngorongoro, wanyama wa kreta na watu wanaoishi kandokando yake. Muziki wakanipa mimi, kwa kuwa natoka huko. Ni wale wale Wazungu wa kamera ulioniandikia kwamba walipita mnadani Karatu wakati wa mavuno, mkawa mnawashangaa. Kazi yenyewe huwa hivi: napewa picha kabla haijatiwa muziki, naitazama kwenye mashine, naisimamisha, nairudisha nyuma, mpaka nijue filimbi iingie wapi na fidla zinyamaze wapi. Simba na vifaru niliwamaliza upesi, hao hawana taabu. Kisha ukaja mnada.

Loo! Nilipiga kelele peke yangu mle chumbani. Vumbi letu lile jekundu! Mbuzi wamefungwa kwenye nguzo, akina mama wamekaa na madebe ya mahindi, kijana wa Kimasai anabishania bei ya shuka. Halafu nyuma yao ukapita wewe, mrefu vilevile, na ule mwendo wako wa mtu aliyeitwa na mkuu wa wilaya. Nikacheka. Kisha nikaona ulichovaa.

Lilikuwa koti la Baba. Usiniambie ni la kufanana. Lile lile zito alilopewa enzi za kazi ya kahawa kule Oldeani, lenye kiraka cha ngozi ya ndama mfukoni alichokishona mwenyewe, na mikono inakuishia juu ya vifundo vya mikono. Siku ya harusi yako uliliomba kwa unyenyekevu wote, ujikinge baridi tu kutoka nyumbani hadi kanisani, naye akakujibu nini? "Atakayelivaa koti hili anizike kwanza." Ukaoa huku unatetemeka.

Nikajipa moyo. Nikasema, mzee kalainika, uzee unabadilisha watu. Nikaiacha picha iendelee. Nyuma yako akaja Mama na kikapu. Upepo ukamvua kitambaa, akainama kukiokota, na kichwa chake kilikuwa kimenyolewa chote, hakuna unywele. Mama huyu ambaye wembe haujamgusa tangu tulipofiwa na Bibi! Katika jengo zima lile hapakuwa na mtu mwingine ambaye angeuona msiba pale. Wao waliona mnada tu.

Mwongozaji wa filamu, mtu mwema kwa kweli, alitaka hapo muziki mchangamfu. "Watu wako siku ya soko wana furaha," aliniambia.

"Tupaache kimya," nikamwambia. "Upepo usikike."

"Mnada bila muziki? Utawalaza watazamaji!"

Ningemweleza nini? Kwamba yule ni mama yangu, kwamba amefiwa, na kwamba mimi mwanawe sijui amefiwa na nani? Niliona kulisema ni kumzika Baba kwa mdomo wangu, na huenda yu hai, anakunywa uji wake hapo nje. Nikatunga. Wimbo wa kuchezesha mabega, Mungu anisamehe.

Siku ya kurekodi, picha huonyeshwa ukutani. Wapigaji huipa migongo, wananitazama mimi, na mimi ndiye ninayeitazama. Kijiti changu kikishuka, wanaanza. Basi ukapita wewe na koti. Akaja Mama. Mkono nimeuinua. Akainama kuokota kitambaa, na mkono haukushuka. Watu wote wale, fidla mabegani, pumzi wamezibana, na mimi namtazama Mama anajifunga kitambaa chake. Mwongozaji akaita kwenye kipaza sauti, "Damiano, unaumwa?" Nikasema vumbi limeniingia jichoni. Ukumbi wenyewe unapigwa deki kila asubuhi.

Tukarudia. Mara ya pili nikaushusha. Muziki ukatoka vizuri mno, wakanipigia makofi, nami nikainama kushukuru kama inavyotakiwa. Sijawahi kuona aibu kama ile.

Najua mnavyofanya. Bibi alipofariki mlinificha mpaka nikamaliza mitihani, eti nisichanganyikiwe ugenini. Nikawasamehe, kwa kuwa ulikuwa upendo. Lakini hili la sasa, Paskali, nina hasira nawe. Kama ni kweli, basi tangu mavuno Baba ananisalimu kwa kalamu yako tu, na mimi namjibu, namtania, namuulizia ng'ombe. Unazisoma kwa nani barua zangu? Aliye mbali pia ni mtoto wa nyumba. Hata mimi nina kichwa cha kunyolewa. Wembe nimeshanunua, uko hapa mezani, na kila nikiushika naurudisha kwa sababu sijaambiwa.

Msalimie shemeji yangu Ester, mkeo, na wanao, hasa yule mdogo mliyempa jina langu. Hongera kwa Dada Martina. Msalimie Mzee Yohani katekista, aliyenifundisha kuongoza kwaya. Mwambie bado navuta pumzi pamoja na waimbaji kabla ya kuanza, kama alivyonionyesha. Mama mwambie nimemwona, na kwamba kikapu nimekitambua. Usimwambie ni muziki gani nilimwekea.

Baba sijamwandikia salamu. Kama yupo, livue koti lake leo hii umrudishie, na anitumie neno moja tu la kunisimanga, aliandike mtu yeyote, nitajua ni lake. Kama hayupo, endelea kulivaa, Kaka, baridi ya Karatu naijua. Ila usiniandikie tena kwamba ananisalimu.

Ni mimi mdogo wako ninayengoja,
Damiano