Baiskeli Nyekundu Niliyoitangaza

Ifakara, Jumatano, mwezi wa tano.

Mvua imekatika alasiri na sasa jua limewaka kama lina hasira, barabara yetu ya Mlabani inafuka mvuke. Nimekaa, nimesimama, nimechemsha chai nikaisahau jikoni. Nimefua blauzi ambayo haikuwa chafu. Mwili hautaki kutulia, na sababu naijua.

Kwanza nilimalize hili. Haya nayaandika leo, lakini sitayaweka kwenye blogu mpaka hukumu isomwe. Kama unayasoma, kesi imekwisha, na majina nimeyabadili. Sitarekebisha kitu kingine chochote, hata kama hukumu itanifanya nionekane mjinga.

Mimi ni mtangazaji wa redio ndogo ya hapa mjini. Habari za mahakama ni zangu na nilizipigania. Zamani tukifika pale tulikuwa tunaambiwa tukae nje, eti redio inachanganya watu. Nikaenda kwa hakimu mwenyewe, nikamwamkia vizuri, nikamweleza kwamba mahakama ni ya wazi, na mkulima wa huku bondeni hawezi kuacha shamba aje kusikiliza kesi, kwa hiyo sisi ndio masikio yake. Alinisikiliza mpaka mwisho. Akaturuhusu kwa sharti kwamba tuseme kilichosemwa mahakamani, si zaidi.

Siku hiyo nilitembea mjini kama nimeshinda uchaguzi. Sharti lenyewe wala sikulitilia maanani.

Sasa kuna kesi ya Kaspari. Anashtakiwa kuvunja banda la mashine ya kukoboa mpunga kijijini kwao na kuiba mota. Mashine ni hiyo moja tu pale kijijini, kwa hiyo watu wamemkasirikia kweli. Hana wakili, wadhamini hawakupatikana, na yuko mahabusu tangu mpunga wake ukiwa bado majani. Sasa umeiva. Mke wake anakuja kwenye kesi na matope ya shamba yamemkaukia miguuni, anakaa benchi la nyuma, hasemi na mtu.

Jumatatu alitoa ushahidi mwenye mashine. Alisema aliamka usiku akaona mtu anaondoka na baiskeli, mzigo nyuma. Basi. Rangi hakutaja. Lakini mimi nilikuwa nimeona baiskeli nyekundu imeegemezwa ukutani karibu na mlango wa mahakama, karia imefungwa mpira mweusi, askari amesimama kando yake. Nikajua ni kielelezo cha kesi. Nani aliniambia? Hakuna.

Saa saba mchana nikasoma habari kwa ile sauti yangu ya kesi kubwa: mshtakiwa alionekana akitokomea na baiskeli nyekundu, karia imefungwa mpira mweusi. Shahidi alisema "mtu", mimi nikasema "mshtakiwa". Shahidi alisema "baiskeli", mimi nikaipaka rangi. Ilinoga. Bosi wangu, Bi Tasiana, alinitumia ujumbe wa pongezi, na jioni tukairudia.

Shahidi anayesubiri zamu yake hukaa nje, asisikie wenzake wanasema nini. Utaratibu mzuri kabisa. Ila nyumbani kwake ana redio.

Leo ilikuwa zamu ya jirani yake Kaspari, mtu mzima wa heshima zake, shati limepigwa pasi. Akasema na yeye usiku ule alimwona Kaspari akipita, juu ya baiskeli nyekundu, karia imefungwa mpira mweusi. Maneno yangu, kwa mpangilio wangu. Alibakiza kutaja masafa tu.

Kaspari alipopewa nafasi ya kumuuliza maswali, aliuliza moja. "Baiskeli yangu nyeusi, jirani, na umeipanda mwenyewe. Hiyo nyekundu umeitoa wapi?"

"Nilichoona ndicho ninachosema."

Hakimu akaandika. Kaspari akageuka kututazama sote, anatafuta mtu wa kumuunga mkono. Anasema baiskeli yake aliiuza kabla hajakamatwa, na aliyeinunua kahamia upande wa Mahenge. Nani atamwamini?

Hata hapo nilijipa moyo. Kielelezo si kipo nje? Kumbe nyekundu ni nyekundu kweli, nikajisemea, Kaspari anajitetea tu.

Mapumziko yakafika. Karani wa mahakama akatoka, akafunga mfuko wake kwenye karia ya ile baiskeli nyekundu, akaanza kuisukuma kuelekea barabarani.

Nilimkimbilia na viatu vyangu vya kazi kwenye tope. "Samahani kaka, hii baiskeli ni yako?"

"Ya nani tena, dada? Si naegesha hapo kila siku?"

Nikamwachia njia, akaenda zake.

Simdhani yule jirani kuwa ni mwongo. Nadhani kweli alimwona mtu gizani, akanisikia mimi, na tangu hapo ndivyo anavyokumbuka. Ingekuwa afadhali angekuwa mwongo, maana mwongo anaweza kubanwa. Huyu anaamini. Na mwenye makosa ni mimi, niliyeomba kuingia mle ndani kwa jina la haki.

Nikampigia Bi Tasiana. Hakunifokea. Aliniambia nikilisema hili tutafungiwa mlango, na siku mkubwa fulani akimdhulumu mnyonge hakuna atakayekuwa ndani kuona. Siwezi kusema amekosea. Hayo hayo ndiyo niliyomwambia hakimu.

Nikawaza basi turekebishe hewani, kesho saa saba, yaishe. Nikaanza hata kuandika. Halafu nikakumbuka kuna shahidi wa tatu bado hajaitwa, na yeye masikio anayo. Nitamwambia aseme nyeusi? Nitakuwa nimebadilisha rangi tu. Maisha yangu yote ya kazi nimeamini kwamba jambo baya likitangazwa linapona. Hili nikilitangaza kabla halijafika kwa hakimu, nalizidisha.

Nimerudi kwa karani kabla hawajafunga. Nimemweleza yote. Alicheka kidogo kuhusu baiskeli yake, kisha akaacha kucheka. Akasema niwahi asubuhi nimwone mwendesha mashtaka, na Kaspari naye lazima ajulishwe ili aweze kuomba niitwe.

"Ila ujue," akasema, "ukishayasema hayo, wewe ni shahidi. Ndani hukai tena. Unasubiri benchi la nje kama wengine, na hutangazi kitu. Na wanaweza wakukatae pia, maana ushahidi wa wenzako umeshausikia."

Kwa hiyo huenda nikapoteza kiti changu na nisimsaidie mtu. Naogopa. Naona na aibu, na katikati ya aibu kuna hasira ya kitoto kwamba kesi kubwa ya mwaka itaisha mimi niko nje ya mlango. Nimeandika sentensi hiyo nikaifuta, nikairudisha. Ndivyo nilivyo.

Ila kila nikifumba macho namwona Kaspari amegeuka, anatutazama mmoja mmoja. Macho yake yalinipita mimi, yakaenda kwa mwingine.

Sasa hivi nimempigia tena Bi Tasiana, nikamwambia kesho naenda kusema. Akauliza, taratibu tu, nani sasa atamletea habari za kesi.

Nimemwambia hakuna. Kesho saa saba apige muziki.