Mpira wa Rhobi Juu ya Moshi

Jumatatu, 3 Februari
Nimekamua ng'ombe. Nimeomba. Kisha mpira wa Rhobi kwenye bakuli la maji ya moto, kama kila asubuhi tangu tumzike binti yangu huyo. Kipande chembamba, urefu wa kidole. Kikipata joto kinafupika karibu nusu. Kikipoa kinarefuka tena. Aliutengeneza mwenyewe chuoni. Jina lake mpira wa fuwele kioevu. Alinieleza hapa hapa jikoni: chembe zake zimepangwa mistari, kama mahindi yaliyopandwa kwa kamba. Joto linavuruga mistari, mpira unajivuta. Wanataka siku moja uwe msuli wa mikono ya bandia. Baba yake hakuja kuangalia. Alisema yeye anasubiri ng'ombe wa mahari, si mipira.

Alhamisi, 6 Februari
Panya wameingia sanduku la Rhobi. Daftari moja limekwisha. Mpira nimeufunga kitambaani, nimeutundika juu ya mafiga pamoja na mahindi ya mbegu. Huko panya hafiki. Acha upumzike, nisije nikauchosha.

Jumatano, 26 Februari
Tulikuwa tunapukuchua maharage, mume wangu Mwita akauliza, "Mama Rhobi, kile kitu cha mtoto bado kinacheza?" Nikasema kipo. "Basi Sabato unionyeshe. Alipokileta sikutazama." Akaendelea na maharage. Nimefurahi mpaka nikaona aibu.

Jumamosi, 1 Machi. Sabato
Tumetoka kanisani. Leo siwashi moto, nimetumia maji ya jana ya kwenye chupa ya chai. Mpira umekuwa wa kahawia, mgumu kama ngozi kavu. Haukusogea. Nimemwambia Mwita maji yamepoa. Kasema sawa, kesho. Ee Mungu, yawe ni maji tu.

Jumapili, 2 Machi
Maji yamechemka kabisa. Hakuna kitu. Mara ya pili, ya tatu. Hakuna.
Rhobi aliniambia: maji ya moto, Mama, siyo moto wenyewe, utaungua ndani. Nilisikia. Halafu nikautundika pale juu ya moto ninapotundika mbegu miaka yote.
Nimemzika mara mbili. Mwita hakunikaripia. Afadhali angenikaripia.

Ijumaa, 7 Machi
Nimetoka kukamua, nikamkuta Mwita jikoni. Bakuli mbele yake, mpira ndani, umenyooka tu. Akauliza ukijivuta ulikuwa unaishia wapi. Nikamwonyesha kwa kidole: kutoka hapa, mpaka hapa. Akasema rudia. Nikarudia mpaka maji yakapoa.