Udongo Nilioutuma Nkowe

Kilwa Kivinje

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Kabla ya yote nakuuliza habari za magoti. Yale majani ya kuchua bado yanasaidia? Na ufuta mmeshavuna, au bado uko shambani? Mimi mzima wa mwili, Alhamdulillahi, ila nimechoka, na uchovu wenyewe si wa kubeba mawe tu. Nakuandikia kwa karatasi kwa sababu simu huwa unaiweka sauti ya juu, nyumba nzima inasikia. Haya yasome mwenyewe, polepole, kisha uamue nani aambiwe.

Kazi bado ni ile ya kukarabati boma la zamani. Mwezi huu nimepewa ukuta wa nyuma, niukwangue. Juu kuna rangi ya serikali yetu, ya wakati nyumba hii ilipokuwa ofisi. Chini yake kuna kijani kilichopauka, cha Waingereza. Ukiendelea unakuta chokaa ya Wajerumani, ngumu, imeshanivunjia patasi mbili. Na mawe yenyewe, wazee wa hapa wanasema mengine yalibomolewa kwenye nyumba za matajiri wa enzi za Sultani, wale waliokuwa wakinunua watu kutoka kwetu bara. Kila aliyeutawala mji huu alipaka rangi yake na kuacha jina lake mahali. Waliobeba mawe hawakuandikwa popote.

Sasa nifike kwenye lililonifanya nishike kalamu.

Dada Mwanahawa alipojifungua, ulitaka mtoto aitwe Namkunda, jina la bibi yetu wa zamani aliyechukuliwa na msafara akaletwa huku pwani, asirudi. Mjomba akakataa. Kwetu jina la mtu ambaye kaburi lake halijulikani, mtoto hapewi, maana huenda mwenyewe bado hajaliachia. Basi mtoto akakaa miezi anaitwa Mgeni tu, analia, haongezeki uzito, na wewe kila Ijumaa unanipigia: "Baba, kaburi umeliona?"

Siku moja nikasema nimeliona. Nikachota udongo, nikautia kwenye kopo la maziwa, nikampa dereva wa fuso aliyekuwa anakuja huko Nkowe kufuata ufuta. Mjomba akaumwaga kwenye makaburi yetu, mkaweka unga wa tambiko, mkasoma dua, mtoto akapata jina.

Mama, kaburi sikuliona. Ule udongo niliuchota chini ya ukuta ninaofanyia kazi. Nilikuwa nimechoka kukujibu "bado". Naona aibu hata kuandika.

Kutafuta nilitafuta kweli. Nimezunguka makaburi yote ya mji huu, nimeuliza misikitini. Wiki iliyopita nikamuuliza Bi Mwema, bibi anayetuuzia uji pale kazini, ambaye ukoo wake nao ulitoka bara.

"Jina lake nani?" akauliza.

Nikamwambia. Akaweka upawa chini.

"Hilo kaburi hutalipata, mjukuu wangu. Mtu akifika hapa, aliyemnunua anampa jina analotaka yeye. Bibi yake mama yangu walimwita Faida. La kwao sijui, wala hakuna anayelijua."

Kisha akaniuliza ninyi huko mmelitunzaje. Nikamwambia mama yangu hulitaja kila mwaka mnapoweka unga, kama alivyofundishwa na mama yake. Bi Mwema akalia mbele ya wateja. Akaniomba nilitamke tena.

Najua Mjomba akisikia atataka jina liondolewe, mtoto arudi kuwa Mgeni. Kosa ni langu. Nitakuja mwenyewe niombe radhi mbele ya ukoo, na akinifukuza nitakubali. Ila wewe nakuomba usimame na mtoto. Bibi Namkunda alinyang'anywa jina hili na watu waliomnunua. Asinyang'anywe tena kwa uongo wangu.

Nisalimie Mjomba, kama salamu zangu bado atazipokea. Msalimie dada, na shemeji huko Mandawa kwenye mikorosho yake, na mama mdogo wa Nambambo, mwambie khanga zake sijazisahau. Na mtoto pia ana salamu, zinatoka kwa Bi Mwema. Amesema ukimpa, umwite kwa jina lake.

Mwanao aliyekudanganya,
Rashidi