Basi Lina Jina Langu, na Kesi Pia

Mpendwa mshauri, naomba msaada wako maana kichwa changu hakijui tena kilipo, na tafadhali jina langu usilitoe gazetini. Mume wangu Kuriakose ana basi moja, lile jekundu la kutoka Pala kwenda milimani, na kama waume wengi hapa kwetu Kerala aliliandikisha kwa jina langu, kibali cha njia kwa jina langu, hata kioo cha mbele kimechorwa jina langu, mpaka abiria huulizana stendi kama nimeshapita na kumbe mimi niko jikoni namenya mihogo, nami nilikuwa nacheka tu. Sasa mdogo wangu Sabu naye amenunua basi, akaomba kibali cha njia ileile, akapewa, tena saa zake zimepangwa dakika nne mbele ya zetu, kwa hiyo anawazoa abiria wote sisi tunaambulia vumbi, na juzi makondakta wetu wameshikana mashati stendi mbele ya watu, aibu iliyoje! Kuriakose akaniletea karatasi akasema, "Wewe tia saini hapa tu, mambo ya barabara niachie mimi," nikatia haraka maana samaki walikuwa wanaungua, kumbe ni kesi ya kumnyang'anya Sabu kibali. Nilijua nilipokwenda kumwona mama, anayeishi kwa Sabu kwa kuwa ndiye kitinda mimba na kwetu wazazi hubaki kwake, na yuko kitandani tangu mvua zianze. Sabu akanizuia mlangoni: "Dada, umenishtaki mahakamani, halafu unakuja kunywa chai yangu?" Nikamwambia siyo mimi. "Kama siyo wewe ni nani, jirani? Jina ni lako!" Na ndani nikamsikia mama ananiita. Kesi inasikilizwa Alhamisi, wakili anataka saini nyingine, Kuriakose anasema nisipotia nitawaua watoto kwa njaa, Sabu anasema nikitia nisikanyage kwake hata mama akifa. Nitie, nisitie? Mimi ni mlalamikaji au ni mke tu? Hata sielewi nauliza nini.

Niliyechanganyikiwa, Pala

Jina lako nimelificha, dada, ingawa wewe mwenyewe unasema limechorwa kwenye kioo cha basi. Pole sana. Kuzuiwa mlangoni huku mama anakuita, hilo linauma, na Sabu amekukosea.

Lakini na wewe! Unatia saini kesi ya mahakama bila kusoma, kwa ajili ya samaki? Si ungewaacha waungue!

Hebu jiulize, kwa nini wanaume wawili hawa wanakukimbilia wewe? Kwa sababu mbele ya sheria basi ni lako. Kuriakose hawezi kuendesha kesi bila saini yako, na Sabu anajua hilo, ndiyo maana anakutisha kwa mama. Umeuliza kama wewe ni mlalamikaji. Ndiyo, ni wewe, tena wewe peke yako.

Usidhani nakwambia ufute kesi ili mdogo wako afurahi. Dakika nne mbele ya basi lako ni kukupora mchana kweupe, na wanao lazima wale. Ila kumpokonya kibali chote, naye ndiye anayemtunza mama yenu, ni uchoyo wa mumeo, siyo wako. Basi usitie saini chochote mpaka wakili akusomee neno kwa neno, Kuriakose akiwa nje. Kisha Alhamisi nenda mwenyewe, mwambie jaji kwamba hutaki kibali cha Sabu kifutwe, unataka kikao cha serikali cha kupanga saa za mabasi kirudiwe, mpishane nusu saa. Kuriakose atanuna. Mwache anune, angetaka kusema yeye angeandika jina lake.

Na kabla ya hapo, Jumatano, rudi kwa Sabu. Akikuzuia tena, mweleze haya yote palepale mlangoni, kwa sauti, mama asikie.

Kila siku watu wa stendi wanauliza kama umeshapita. Alhamisi, dada, pita kweli.