Mjomba, Kiti Chako cha Alhamisi

Mjomba,

Mwanangu Taaka amempungia mkono mtu wa kwenye televisheni sasa hivi, halafu akasubiri. Anasubiri huyo mtu avue miwani. Wewe ndiye ulimzoesha. Kila Alhamisi, kabla hujaanza kuongea habari za ajira na misaada ya serikali, ulivua miwani ukaifuta, na sisi huku Busia tukajua umetusalimia. Huyu aliyekalia kiti chako hana hata miwani. Mtoto amenigeukia mimi, kama vile nimemficha babu yake.

Niko hotelini kwa Mama Rose, wanaonyesha marudio, nasubiri gari la vitunguu. Bado navusha mizigo mpakani, ila sasa nusu gunia. Nina mimba ya miezi saba. Siku ile tunakuzika kule Masaba nilikuwa sijamwambia mtu. Nilitaka usikie wewe kwanza.

Ulikuwa unanipigia kila Jumatano. "Haya mwalimu wangu, mpaka unasemaje?" Mimi niliyeishia darasa la sita, unaniita mwalimu. Namwaga yote, na kesho yake nakusikia: "Kuna mama mmoja Busia..." Mama Rose anagonga meza, "Huyo mama mmoja atununulie chai leo, amekuwa mtu mkubwa." Tunacheka hadi wateja wanauliza kuna nini.

Sasa hakuna anayesema kuna mama mmoja.

Ile kadi ya matibabu ya wachukuzi, ulituambia tujiandikishe wote. Nikajiandikisha Kenya kwa sababu nabeba huko. Nikajiandikisha Uganda kwa sababu nalala huko. Nilidhani mtu mkweli ndivyo anavyofanya, anasema kote aliko. Wakanifuta kote. Nilikupigia Jumatatu, sikungoja Jumatano; ulicheka kwanza, halafu ukasema, "Hili nitalisema Alhamisi."

Jumanne ukaanguka.

Alhamisi hiyo hiyo, hata hatujakuzika, huyu akakaa pale akasema walioandikwa pande mbili ni wezi wa misaada, wasirudishwe. Watu wote hotelini waliangalia vikombe vyao. Mama Rose akaizima televisheni, akaniongeza chapati.

Nimerudi kwenye hizo ofisi, huku na huku. Kila mmoja ananituma kwa mwenzake. Kadi ndiyo ingenipeleka kujifungua. Sasa sijui nitazalia wapi, na nisikudanganye Mjomba, sioni njia. Najaribu kuiona lakini siioni.

Ila kwenye kipindi wanapokea simu za watu. Nimekuwa nikijizoeza maneno ya kuwaambia nikiwa na mzigo kichwani, nayapanga, yanamwagika, nayapanga tena. Lala tu huko Masaba, usituhangaikie, ulishatusemea vya kutosha. Mtoto huyu akiwa mvulana atabeba jina lako. Na Alhamisi nakuahidi nitapiga mimi mwenyewe, nitaje jina langu lote, wasikie huyo mama mmoja ni nani.

Mama Rose ananiita, gari limefika, nikichelewa wenzangu watamaliza magunia. Nimalizie hili tu. Nitamwambia huyo mtu wa kiti chako kwamba mimi si mwizi wa misaada.