Meno Ndani ya Pipi

Wajukuu zangu,

Chai iko kwenye chupa. Lile pande la pipi kwenye kisahani MSILIVUNJE. Humo mna meno ya babu yenu.

Meno, ndiyo! Asubuhi nimechemsha sukari ya pipi zenu, nikadondosha tone kwenye maji baridi, likawa gumu, likalia ta! Nikamimina kwenye trei. Kugeuka nioshe sufuria, mzee kishaiba pande bado laini. Kang'ata, likamganda, kavuta: safu nzima ya juu ikatoka nalo! Ni ya bandia! Na mimi nilivyowatambia wenzangu meno ya mume wangu!

Kajifungia chumbani. ~~Msimpe kitu, ajifunze.~~ Mpelekeni uji, usiwe wa moto, na atakayecheka atanitambua. Nimekwenda kumuuliza daktari wa meno yatatokaje humo bila kuvunjika.

Miaka yote hii mzee akilala hunipa mgongo. Nikadhani kanichoka, nikameza uchungu wangu kimya. Kumbe usiku huyavua, alikuwa anaficha mapengo!

Mwambieni leo ageuke.

Bibi yenu